Maswali na Majibu: Umaskini Usiitwe Utamaduni

Tangu nilipoandika kuhusu Paul Farmer, daktari Mmarekani aliyewatibu maskini wa Haiti na kwingineko na kufariki huko Butaro, Rwanda, tarehe 21 Februari 2022, barua zimekuwa nyingi. Nimechagua tano.

Daktari, usawa katika afya na haki katika afya si kitu kimoja? (Msomaji, Morogoro)

Si kitu kimoja, na swali hili limejibiwa hapa zaidi ya mara moja. Kumpa kila mgonjwa wa kifua kikuu dawa bila malipo ni usawa. Kumwongezea nauli na chakula yule anayetembea nusu siku kufika zahanati ndiyo haki. Atakayeuliza tena naomba asome kwanza majibu yaliyotangulia.

Mimi ni muuguzi. Wagonjwa wangu wengi wanaacha dawa kwa sababu wanaamini wamerogwa. Tufanyeje? (Msomaji, Shinyanga)

Kwanza, dada yangu, hakikisha kwamba hiyo ndiyo sababu. Farmer, aliyejifunza Kikrioli cha Haiti na kuishi na wanakijiji wa Cange nchini humo, alijiuliza jambo hilo hilo mwishoni mwa miaka ya 1980. Yeye na wenzake walifuatilia makundi mawili ya wagonjwa wa kifua kikuu. Wote walipata dawa bure, lakini kundi moja lilipewa pia chakula, fedha kidogo na mhudumu wa kuwatembelea nyumbani. Katika kundi hilo walipona wote. Katika lile jingine walipona takriban nusu. Wagonjwa wengi waliamini kwamba ugonjwa huweza kutumwa na mchawi, na imani hiyo haikuwazuia kumeza dawa. Kilichowazuia ni njaa na umbali.

Kwa hiyo kabla hujaandika neno «mtoro» katika rejista, muulize mgonjwa alikula nini jana na alifikaje kliniki, na umuulize kwa lugha anayoielewa, kwa maana mama anayejua Kisukuma pekee, akikaripiwa kwa Kiswahili mbele ya foleni, hatarudi, nasi tutasema utamaduni wake ndio uliomponza.

Ni kweli kwamba mkubwa mmoja wa Marekani alisema Waafrika hatuwezi kutumia ARV, dawa za kupunguza makali ya VVU, kwa kuwa hatujui saa? (Msomaji, Mombasa)

Ni kweli. Mwaka 2001 Andrew Natsios, aliyekuwa mkuu wa USAID, shirika la misaada la serikali ya Marekani, alitoa hoja hiyo hadharani, akidai kwamba Waafrika wengi hawajawahi kuona saa na hujua wakati kwa kutazama jua. Sisi tunaoanza kuhesabu saa jua linapochomoza, tukameza kidonge saa moja asubuhi na kingine saa moja usiku, tunajua uzito wa dharau hiyo. Farmer na wenzake walikuwa wakiwapa wanakijiji wa Cange dawa hizo tangu 1998. Mwaka 2006 uchambuzi wa tafiti nyingi ulionyesha kwamba asilimia 77 ya wagonjwa wa Afrika kusini mwa Sahara walifuata dawa vizuri, dhidi ya asilimia 55 Amerika Kaskazini. Dharau hiyo ilichelewesha dawa, na waliozisubiri wakafa.

Kazi ya daktari ni kutibu. Kwa nini Farmer alijiingiza katika siasa? (Msomaji, Kampala)

Kwa sababu bei ya dawa ni siasa. Wagonjwa wa kifua kikuu sugu katika vitongoji vya Lima, Peru, walihesabiwa kuwa ghali mno kutibiwa. Yeye na daktari mwenzake Jim Yong Kim waliwatibu, kisha wakapiga kelele hadi bei za baadhi ya dawa hizo zikashuka kwa takriban asilimia 90. Daktari anayenyamaza mbele ya bei inayoua amekwisha kuchagua upande.

Wasindikizaji wa Farmer huko Haiti wana tofauti gani na wahudumu wetu wa afya ngazi ya jamii? (Msomaji, Kigoma)

Kazi ni ileile: jirani anayempelekea jirani dawa na kumwona akizimeza. Tofauti ni kwamba Farmer alisisitiza walipwe. Tunapomtaka mama maskini azunguke kijiji kizima kwa kujitolea, huku kila anayeendesha semina kuhusu kazi yake akipokea posho, tunamnyonya. Wahudumu wa Butaro walilipwa, na walilipwa pia mafundi wa kijijini waliochonga mawe ya volkano ambayo wakulima waliyaona kero mashambani, wakajenga kwayo hospitali iliyofunguliwa mwaka 2011.