Chanzo kasema usimtaje, mhariri anataka jina: nifanyeje?

Swali: Shikamoo kaka. Nipo Minneapolis mwaka wa tatu sasa, naandika kwenye kagazeti ketu ka jamii ya Waafrika Mashariki, hela hatuna ila tunatoka kila wiki mbili. Kuna dada anafanya kazi ofisi ya jengo moja la kupangisha, kaniambia fomu za ukaguzi wa boila, ule mtambo wa kupasha jengo joto, zinajazwa tu mezani, hakuna mtu anayeshuka kuliangalia boila lenyewe, na kanionyesha fomu mbili kwenye simu yake. Tunamaliza kuongea ndo akasema "lakini usinitaje jamani", nikamjibu "usijali dada". Sasa mhariri wangu anasema stori bila jina haitoki. Je, ile "usijali" ni ahadi? Halafu haya mambo ya nje ya rekodi na bakigraundi tofauti yake nini? Na naweza kushtakiwa?

Jibu: Marahaba mdogo wangu, na pole, manake hapo ulipo nilishawahi kukaa na nitakueleza mbele.

Nianze na lile linalokuumiza. Ndiyo, "usijali dada" ni ahadi. Kwa desturi ya waandishi wa Marekani makubaliano yanafanyika kabla mtu hajafungua mdomo, siyo baada, na mwanasiasa mzoefu akikumwagia maneno afu mwishoni akakwambia "hii usiandike" una haki ya kumwambia samahani mheshimiwa, umeshasema. Lakini huyu siyo mwanasiasa, huyu ni karani wa ofisi hajui taratibu zetu, na wewe haukumwambia nimechelewa kukuahidi, ulimwambia usijali. Akalala usingizi usiku ule kwa sababu ya neno lako. Tatizo ni kwamba neno lenyewe halina mipaka, yeye kaelewa hivi na wewe umeelewa vile.

Ndo maana Wamarekani wana hizo ngazi zao. Kwenye rekodi maana yake kila kitu kinaandikwa na jina linawekwa. Bakigraundi, unatumia maneno yake lakini badala ya jina unaweka maelezo mliyokubaliana, mfano "mfanyakazi wa ofisi ya jengo hilo", na hayo maelezo mnakubaliana neno kwa neno, manake kama ofisini wapo wawili tu basi umeshamtaja. Bakigraundi ya kina, unatumia taarifa ila huisemi imetoka kwa nani kabisa. Nje ya rekodi, huitumii. Hapo kwenye nje ya rekodi ndo kuna ugomvi, wengine wanasema ruksa kwenda kuitafuta taarifa ileile kwa mtu mwingine, wengine wanasema hata hiyo hapana. Usitegemee kwamba chanzo anayajua haya majina. Mimi siku hizi siyatumii kabisa mbele ya mtu wa kawaida, namuuliza tu: naweza kuandika ulichosema? naweza kuandika kimesemwa na nani? nikuiteje? Akijibu naandika majibu yake juu ya ukurasa wa notibuku, na saa, hapohapo mbele yake, na namsomea.

Sasa kushtakiwa. Mimi siyo mwanasheria lakini kesi kubwa kuliko zote ya jambo lako ilitokea hapohapo Minnesota, kwa hiyo ijue vizuri.

Ilikuwa 27 Oktoba 1982, zimebaki siku sita wapige kura ya gavana. Dan Cohen, mtu wa matangazo aliyekuwa upande wa kampeni ya Mrepublican Wheelock Whitney, akawafuata waripota wanne, mmoja mmoja: wa Star Tribune ya Minneapolis, wa Pioneer Press ya St. Paul, wa shirika la habari la AP na wa televisheni ya WCCO. Akawaambia nina karatasi, nitawapa mkiniahidi jina langu halitokei popote na hamtaniuliza nimezitoa wapi. Wote wanne wakakubali. Karatasi zenyewe zilikuwa za mahakama kuhusu Marlene Johnson, mgombea wa unaibu gavana upande wa pili, kwamba mwaka 1969 alishtakiwa kwa mkusanyiko usio halali na mwaka 1970 alitiwa hatiani kwa wizi mdogo. Ukizichimba unakuta ule mkusanyiko ulikuwa maandamano kuhusu ajira za watu wa makabila madogo na mashtaka yalifutwa, na wizi ni vifaa vya kushonea vya dola 6 aliondoka navyo dukani bila kulipa, wakati akiwa kwenye hali mbaya kiakili, na hukumu yenyewe ilikuja kufutwa.

Angalia kila chumba cha habari kilivyofanya kwa karatasi zilezile. WCCO hawakuitangaza kabisa. AP waliitoa bila kumtaja Cohen. Wahariri wa yale magazeti mawili wakakaa, wakaamua, waripota wao wakipinga, kumtaja jina. Ripota wa Star Tribune akakataa jina lake kuwekwa juu ya stori ile. Cohen akafukuzwa kazi siku hiyohiyo.

Na wahariri hawakuwa watu wabaya, hili nataka ulielewe maana ndo kilichomo kichwani mwa mhariri wako. Walisema msomaji akiona kashfa imeibuka siku chache kabla ya kura ana haki ya kujua imerushwa na nani, kwamba jina la aliyeleta ndo habari kubwa kuliko dola 6 za miaka kumi na mbili iliyopita. Hoja nzito. Lakini mimi nasema walikuwa na njia nyingine mezani: wangeacha kama WCCO, au wangeandika kwamba karatasi zimetoka kwa mtu wa upande wa Whitney bila kutaja jina, msomaji angeelewa kila kitu anachotakiwa kuelewa. Walichagua ile moja tu iliyokuwa imeshafungwa na neno la waripota wao.

Cohen akashtaki. Baraza la wazee wa mahakama likampa dola 200,000 za fidia na 500,000 za kuadhibu magazeti, zile za adhabu zikaondolewa kwenye rufaa, Mahakama ya Juu ya Minnesota ikafuta na zilizobaki, mpaka ikafika Washington kwenye Mahakama ya Juu ya Marekani. Tarehe 24 Juni 1991, majaji watano kwa wanne wakasema: uhuru wa habari kwenye Katiba haukupi ruksa ya kuvunja ahadi ambayo raia mwingine yeyote angebanwa nayo, ukimwahidi mtu naye akaitegemea ahadi akapata hasara, sheria ya kawaida inakuhusu. Kesi ikarudi Minnesota na mwaka 1992 akathibitishiwa zile dola 200,000. Kwa hiyo mhariri wako akikwambia "mimi sikumwahidi mtu", mjibu kwa heshima kwamba kwenye yale magazeti mawili nako walioahidi ni waripota, na waliolipa ni magazeti.

Upande wa pili sasa, ukikataa kumtaja. Kabla ya Cohen kulikuwa na Paul Branzburg wa Courier-Journal ya Louisville, alikaa na vijana wawili akawaona wanatengeneza hashishi kutoka kwenye bangi, akaandika bila majina, akaitwa mbele ya baraza la raia linalochunguza mashtaka awataje. Mwaka 1972 Mahakama ya Juu, tena watano kwa wanne, ikasema mwandishi ataitika kama raia wengine. Aliyeandika hukumu hiyo ni Jaji Byron White, na ya Cohen mwaka 1991 ni yeyeyule. Yaani mtu mmoja ametubana kotekote, ukitunza ahadi serikali inaweza kukuita, ukiivunja chanzo anaweza kukudai. Judith Miller wa New York Times alikaa gerezani siku 85 mwaka 2005 kwa kutomtaja chanzo. Ila hiyo ilikuwa kesi ya serikali ya taifa, ambako hakuna sheria ya kumkinga mwandishi. Majimbo mengi yana sheria zao, Minnesota inayo tangu 1973, ina mianya yake lakini ipo, kwa hiyo jela isikunyime usingizi kwenye stori ya boila.

Hapa ndo nasema jambo ninaloliamini kuliko yote: usimfiche mhariri jina. Kutomwandika gazetini na kumficha mhariri ni vitu viwili, na vijana wengi wanavichanganya, wanaona ushujaa ni kubeba siri peke yao. Kumbuka Janet Cooke, Washington Post, Septemba 1980, aliandika habari za mtoto wa miaka minane anayechomwa sindano za heroini. Akawaambia wakubwa wake muuzaji amemtishia maisha, hawezi kutaja majina, wakamkubalia. Polisi na jiji zima wakamtafuta mtoto wasimwone. 13 Aprili 1981 akapewa Pulitzer, tuzo kubwa ya waandishi wa Marekani, na kilichomfichua wala siyo mtoto, ni wasifu wake: wahariri wa gazeti la Toledo alikofanya kazi zamani wakaona elimu iliyotangazwa siyo wanayoijua. Siku mbili baada ya tuzo kila kitu kimeanguka, mtoto hakuwepo. Mhariri mmoja angesema niambie jina na mtaa, nitakaa nalo mimi tu, ingeishia pale.

Watu watakutajia Mark Felt, yule mkubwa wa FBI aliyempa Bob Woodward wa Washington Post taarifa za Watergate, kashfa iliyomng'oa Rais Nixon, usiku kwenye gereji ya magari Rosslyn, jina likakaa siri mpaka 2005. Sawa, lakini hata pale Bradlee, mhariri mkuu, ingawa jina hakulijua mpaka Nixon amejiuzulu, alijua huyo mtu ana cheo gani na yuko sehemu gani, na taarifa zilikuwa zinatafutiwa uthibitisho kwa watu wengine. AP leo wana masharti yao: kiwe ni taarifa siyo maoni, kisipatikane kwa njia nyingine, chanzo awe anakijua mwenyewe moja kwa moja, na mkubwa wako alijue jina na aridhie.

Nilisema nilishakaa ulipokaa. Nilikuwa na mwaka mmoja kazini, gazeti dogo, nikamwahidi mama mmoja muuguzi, nikanyamaza kwa mhariri nikiamini namlinda. Mhariri akaongeza aya moja ya maelezo bila kujua, "muuguzi wa zamu ya usiku mwenye miaka 22 kazini". Zamu ya usiku walikuwa watatu. Alinipigia asubuhi saa moja kasoro, hakunigombeza, aliuliza tu "mwanangu, si ulisema?" Bado naisikia ile sauti.

Kwa hiyo kesho asubuhi kabla ya kikao mpigie yule dada, siyo meseji, na akiwa nje ya ofisi. Mwambie nilikwambia usijali ila sikukueleza vizuri, tukubaliane upya. Muulize ofisini mko wangapi, hizo fomu nani mwingine anazishika, zile picha akizitoa itajulikana ni yeye? Muombe ruksa mhariri wako alijue jina, mhariri tu. Akikataa, basi mhariri halijui, na neno lako linabaki palepale.

Afu uliza jambo ambalo naona mhariri wako hajaliuliza: mnamhitaji kweli? Kama fomu zinapelekwa kwa jiji au jimbo, sheria ya Minnesota ya taarifa za serikali inakuruhusu kuomba nakala, zikija zimetoka kwa serikali siyo kwa dada. Na jengo lina wapangaji, hodi mlango kwa mlango, waulize hita zao zilizimika lini, wengi watakubali jina na picha maana wao ndo wenye baridi. Ukiwa na tarehe zao mkononi ziweke pembeni ya tarehe za kwenye fomu. Siku ambayo fomu inasema boila lilikaguliwa likawa zima na mpangaji wa ghorofa ya tatu anasema alilala na koti, hiyo ndo stori yako, na jina la dada halimo.