Jina lako halina kitunguu hata punje

Ujumbe ulioingia wiki hii ulikuwa mfupi: "Naitwa Saumu. Tangu darasa la kwanza naitwa kitunguu. Nataka kubadili jina, nianzie wapi?"

Usianze popote, dada. Kiarabu kina maneno mawili hapo: sawm, yaani kufunga, kwa herufi sadi, na thum, kiungo cha jikoni, kwa herufi thaa. Yalipoingia Kiswahilini, matamshi ya wengi yakayafanya neno moja. Mombasa na Unguja bado utasikia kitunguu thomu, na huko utani wa darasani kwenu hauna pa kushika. Saumu ni mtoto aliyezaliwa watu wakiwa wamefunga.

Jina lolote lenye asili ya Kiarabu lianzie hapo: rudisha kwanza konsonanti iliyopotea, maana itafuata. Kiswahili kimezimega konsonanti hizo kwa njia chache zinazojirudia. Kh ikawa h, ndiyo Khadija akawa Hadija, Khalid akawa Halidi. Dh ikawa z kwa baadhi yetu, ndiyo Ramadhani wa Tanzania ni Ramazani akivuka kwenda Kongo. Ain, ile sauti ya kooni, ikafa kabisa. Mwishoni tukabandika irabu: Salimu, Rajabu, Omari. Futa irabu hiyo ya mwisho, rudisha herufi, utabaki na mzizi ambao mara nyingi ni konsonanti tatu. Huo ndio wa kutafuta kwenye kamusi ya Kiarabu. Ukitafuta jina zima kama lilivyo kwenye kitambulisho, utaokota la mwenzio.

Tofauti yake si ndogo. Khadija, kwa kh, linatokana na kuzaliwa kabla ya miezi kutimia. Halima ana h nyingine, ya mzizi h-l-m: upole wa mtu asiyepandwa na hasira upesi. Saidi, mwenye ain katikati, ni mwenye heri, na ndugu zake ni Masudi, Sudi na Saada. Seyyid ni bwana, mzizi mwingine kabisa, ila karani mvivu huandika yote mawili Said na kuwaachia wajukuu ugomvi. Mzizi h-m-d, wa sifa, umezaa Muhammad, Mahmudi, Ahmed, Hamadi na Hamida. Nyumba yenye watoto watatu kati ya hao inarudia neno moja mara tatu, na si vibaya, mradi wazazi wajue.

Kinachoniudhi ni tovuti za majina ya watoto. Ukiuliza Asha zinakujibu "tumaini". Hilo ni la Kihindi. Asha wetu ni Aisha, wa mzizi ule ule uliotupa kuishi na maisha. Ukiuliza Abdul utaambiwa "mtumishi", kana kwamba jina limekamilika. Abdul ni "mja wa", na lazima lifuatwe na jina la Mungu: Abdulrahman, Abdulkarim. Ukimsajili mtoto kwa Abdul peke yake umemwandikia sentensi iliyokatwa, na hakuna atakayekuja kuimalizia. Wapo pia wanaomwona Bakari na kumpeleka Hadhramaut, kule Yemen, kwa sababu ya ile Ba inayoanza majina ya koo za huko, akina Bawazir na Bajaber. Bakari ni Abu Bakr tu.

Majina ya kalenda yana faida moja ambayo wengi hawaitumii: yanakagua tarehe ya kuzaliwa. Rajabu, Shabani, Ramadhani, Maulidi, Haji, Idi. Mwaka wa Kiislamu una siku 354 au 355, kwa hiyo kila mwaka mwezi unatangulia kwa siku 10 hadi 12, na huchukua karibu miaka 33 kurudi majira yale yale. Chukua mzee Ramadhani ambaye cheti chake kinasema Julai 1970. Mwaka huo mfungo ulianza mwisho wa Oktoba ukaisha mwisho wa Novemba. Basi ama tarehe ilikisiwa, ama mzee amerithi jina la babu yake. Usiharakishe kuamua ni lipi.

Kwa majina ya siku, angalia na saa. Siku ya Kiislamu huanza jua likitua. Juma aliyezaliwa Alhamisi saa mbili usiku ni Juma halali, kwa kuwa ule tayari ni usiku wa Ijumaa. Wengi wamewabishia mama zao kwa kukosa kujua hili tu. Khamisi naye ni "wa tano" kwa hesabu ya Kiarabu, inayoanzia Jumapili. Sisi tunaanzia Jumamosi, ndiyo maana juma letu lina siku mbili za tano zinazofuatana, Jumatano na Alhamisi.

Jina la ukoo ni kazi tofauti. Kwa wengi wetu lilikuwa jina la mtu mmoja, lenye kisa cha siku moja. Nyerere ni kiwavi kwa Kizanaki. Baba yake Mwalimu ndiye aliyepewa jina hilo, kwa sababu ya viwavi waliovamia alipozaliwa, na kwa mwanawe likawa jina la mwisho. Kwa hiyo ukitafuta maana ya jina la tatu kwenye cheti chako, usiulize linamaanisha nini kwako. Uliza mwaka aliozaliwa mwenye nalo wa kwanza kulikuwa na nini: njaa, nzige, mvua, vita, safari.

Nawe dada Saumu, chukua tarehe yako ya kuzaliwa uipeleke kwenye kalenda ya Hijria, yaani ile ya Kiislamu, ukiacha nafasi ya siku moja mbele au nyuma kwa sababu ya kuandama mwezi. Ikiangukia ndani ya mfungo, umemaliza. Isipoangukia, muulize mama Saumu wa kwanza kwenu alikuwa bibi yupi.