Maswali na majibu: Je, ulimwona akikuuma?

Swali: Nje ya dirisha langu kuna buibui mkubwa, tumbo lina mistari ya njano, na katikati ya utando wake ameshona uzi mnene wa kwenda kombo kombo. Ataniua?

Hapana.

Swali: Lakini nasikia buibui wote wana sumu.

Karibu wote wanayo, la sivyo wangewindaje? Cha kuuliza ni kama sumu hiyo inamdhuru mtu. Ya huyu wa dirishani inamtosha panzi. Wewe ukimbana mkononi atakuuma, utaumia na kuvimba kidogo, basi. Isitoshe, haoni vizuri. Dunia yake ni mitikisiko ya nyuzi. Gusa utando umwone: atautikisa kwa nguvu akutishe, au atajiangusha majanini. Kukufuata kitandani hana haja.

Swali: Nimeamka na kidonda mguuni, katikati cheusi. Ni buibui gani huyo?

Barua za namna hii sasa zinanichosha. Je, ulimwona akikuuma? Hukumwona. Basi una kidonda, huna buibui. Mara nyingi daktari akikipima kidonda kama hicho hukuta bakteria tu. Ni kweli wapo buibui wa jamii ya Loxosceles ambao sumu yao huweza kuozesha nyama, ila hao ni wadogo, wa kahawia, wanajificha, na hawafumi utando wa duara. Unayemsingizia yuko dirishani anakula nzi. Kinachoniudhi zaidi ni kwamba wakati unamsaka buibui wa watu, kidonda kinaenea. Usikichanje kwa wembe wala usifunge kamba. Wekundu ukitambaa au homa ikipanda, nenda hospitali leo, hasa kama una kisukari.

Swali: Mkubwa zaidi ndiye mwenye sumu kali zaidi?

Buibui aitwaye Goliathi, wa misitu ya Amerika Kusini, hufikia gramu 170 hivi, na kuumwa naye hulinganishwa na kuumwa na nyigu. Kero yake kubwa ni manyoya anayokupukutishia, yanawasha vibaya. Buibui aitwaye mjane mweusi, jike lake, mwili wake sentimita moja na kitu tu, anaweza kukukaza misuli mwili mzima ukalia. Huyo ndiye wa kukimbilia hospitali, na dawa ya kuzuia sumu yake ipo.

Swali: Nipulizie dawa gani niwamalize wote ndani?

Ukiwamaliza, mende utamwachia nani? Bafuni kwangu yupo mmoja bapa, miguu imetanda kama kiganja. Juzi usiku nilimkuta amemkumbatia mende. Asubuhi sakafuni kulibaki mabawa mawili na kipande cha mguu. Kama huwezi kuvumilia, mfunike kwa bilauri, pitisha karatasi ngumu chini yake, mtoe nje. Kandambili iache mlangoni.

Swali: Pembeni ya utando wa yule mkubwa kuna kibuibui kidogo sana, kinaogopa kusogea. Ni mtoto wake?

Ni mumewe. Na ana sababu ya kuogopa.