Jibu: Tambiko la kweli au la kuigiza?

Mkuu, umeuliza kama filamu yako fupi ya majaribio, ile ya kuchanganya jukwaa na tambiko, uirekodi kwenye tambiko halisi huko Chamwino au uigize tu. Igiza. Tambiko lina wenyewe, na wazee wakikukubalia kwa kukuonea haya, utaliona hilo kwenye nyuso zao ukianza kuhariri.

Jukwaa na tambiko vinakutana kwenye kurudia. Mtafute Maya Deren, mtengenezaji wa filamu za majaribio wa Marekani: mwaka 1946 alitoa filamu ya kama dakika 15, haina sauti kabisa, ambamo wageni kwenye sherehe wanasalimiana, wanapishana, halafu zile ishara zinarudiwa rudiwa mpaka unashtuka kumbe watu wanacheza. Hakuna aliyetangaza kuwa ngoma imeanza! Sasa wewe una ishara gani? Watazame akina mama wa Kigogo kwenye muheme, ngoma yao ya jadi: ngoma imebanwa katikati ya mapaja, na kabla ya pigo la kwanza kuna kakipindi ka kuiweka sawa, kujaribu ngozi kwa vidole, kutazamana. Mimi ningeanzia hapo, kamera chini, bila neno.

Sauti irekodi peke yake. Upepo wa Dodoma kiangazi hauna adabu. Mwaka jana nilipoteza mchana mzima wa zeze kwa sababu maikrofoni haikuvikwa manyoya ya kukinga upepo, na vumbi likaingia mpaka kwenye lenzi. Picha piga kuanzia saa kumi na moja jioni.

Ah, na kibali cha Bodi ya Filamu usisahau.