Nyinyi mnaoandika SOG (kesi kuahirishwa bila tarehe) mkalala

Juzi pyupili wetu, mwanafunzi wa uwakili, kanijia mbio na notisi ya Oda 17, ile ya kujieleza kwa nini kesi isitupwe, ati "lakini faili si iko laivu, bado hai?" Kuifungua, hatua ya mwisho ni barua ya kuomba tarehe, ya mwaka na nusu nyuma, haikujibiwa na hakuna aliyekwenda rejista ya korti kuuliza. Basi leo nawasema nyote mnaopanda ngazi za korti pale Treasury Square, Mombasa, na mabegi mapya.

1. Tarehe iingie dayari kabla hujatoka kortini.

2. Hesabuni mwaka kuanzia hatua ya mwisho, sio siku mliyofaili. Mwaka ukipita kimya mnaitwa mjieleze, na tangu marekebisho ya 2020 miaka miwili ya kimya kesi inajifia yenyewe.

3. SOG. Hii mimi naijua kwa uchungu. Nilipokuwa karani nilikuwa na faili ya shamba la mzee mmoja wa Likoni, jaji akasema istendi ova ("stood over generally", ndiyo SOG), mimi nikaandika SOG kwa kalamu nyekundu juu ya jalada nikaisukuma kabati ya chini, ile isiyofunga vizuri. Yule mzee alikuwa akija kila mwezi, anavuka feri, anakaa kibenchi cha mlangoni, "mwanangu, kesi yangu yaendeleaje?" nami bila kuinua macho, "twangoja tarehe baba." Tarehe aliyekuwa aiombe ni mimi! Notisi ikaja kwa imeili ya wakili aliyeshahama ofisi, kesi ikaitwa, kimya, ikatupwa. Tukaomba irudishwe, kiapo kurasa tisa tunamlaumu karani, na nilichapa mimi mwenyewe. Jaji akasema kesi ni ya mteja, sio ya wakili, je mteja alifanya nini kuifuatilia? Wallahi nilitamani kusimama niseme alikuwa kwenye benchi letu. Ombi likakataliwa. Nilipomwambia alinyamaza, akafungua mfuko akanitolea mahamri aliyoniletea, akasema feri itajaa. Hakurudi tena.

Kwa hiyo mteja akija, fungua faili mbele yake. Isome.

4. Imeili kwenye mfumo wa kufaili ibadilisheni mtu akihama.

5. Kesi ikisikizwa mtandaoni kwa Teams washeni maiki, jaji hasikii mdomo unaocheza.

Na wewe wa Oda 17, rasimu ya kiapo niletee kabla ya saa nane, na usithubutu kuandika "karani alipitiwa".