Mafao ya kustaafu na biashara ya mbao: jibu kutoka Tabora

Ndugu mleta mada, umeuliza kama mafao yako uyaweke kwenye mbao za mninga kutoka Sikonge na Kaliua, au ununue shamba Kasulu upande miti. Nina karakana hapa Tabora mjini na nimeuza mbao kwa miaka mingi, kwa hiyo nitakujibu kwa yale ninayoyaona kazini.

Wateja hawatakosekana. Sensa ya 2022 ilihesabu zaidi ya watu milioni 61 nchini, na watu hao wanajenga. Wasiwasi wangu uko kwenye mali yenyewe. Mninga huchukua zaidi ya nusu karne kufikia unene wa kuvunwa, na ile iliyokuwa karibu na barabara imekwisha, hivyo gharama ya kuutoa mti porini ndiyo inayokula faida. Mkurungu nao, mti wa jenasi (ukoo) moja na mninga, ulikatwa kwa pupa kwa ajili ya soko la China, hadi mwaka 2019 ukaingizwa katika Kiambatisho cha Pili cha CITES, mkataba wa kimataifa unaosimamia biashara ya mimea na wanyama walio hatarini. Mwaka 2022 miti yote ya Afrika ya jenasi hiyo, mninga ukiwemo, ikaingizwa pia. Biashara haijafungwa, ila mzigo wa kwenda nje sasa hauendi bila kibali cha mkataba huo. Hata kwa soko la ndani, mbao zisizo na kibali cha uvunaji, alama ya nyundo na hati ya kusafirishia kutoka TFS (Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania) zinaweza kutaifishwa kwenye geti la maliasili, na mtaji wote ukaishia hapo. Usinunue mzigo ambao muuzaji hawezi kukutajia msitu ulikotoka.

Wakati huohuo, misonobari ya Mafinga na Njombe imeshika soko la kenchi, na alumini imechukua madirisha. Mninga umebakiwa na milango, vitanda na makochi, na hapo ndipo ninapoiona fedha ya miaka ijayo: katika kuikausha na kuichonga vizuri mbao chache, wala si katika kupakia malori mengi. Mlango uliotengenezwa kwa mbao mbichi wakati wa masika, ifikapo Agosti upepo mkavu wa huku umekwisha kuufanyia kazi yake: paneli zimesinyaa ndani ya mifereji yake, mwanga unapenya, kona za fremu zimeachana, na mteja aliyelipa fedha nyingi hawezi kukusifia kwa jirani yake. Mimi huzipanga mbao kivulini juu ya matofali, huweka vijiti vya unene mmoja kati ya tabaka na tabaka ili hewa ipite, na hupaka rangi ncha zake zisipasuke. Mbao ya inchi mbili hukaa hivyo miezi mingi, nami siigusi kwa randa mpaka kipima unyevu kisome asilimia 12 au karibu na hapo. Mtaji unaolala namna hiyo unauma, lakini mbao iliyokauka ina bei yake, na wanaoweza kuiuza hapa mjini ni wachache.

Kuhusu Kasulu, mvua ni nzuri kuliko kwetu, lakini msonobari wa mbao nzuri unataka miaka 18 hadi 25, nawe umekwisha kustaafu. Panda kwa ajili ya wanao. Mkaratusi hukupa nguzo na miti ya ujenzi mapema zaidi, mradi uulinde na mchwa ukiwa mchanga na usafishe njia ya moto kila kiangazi. Usitegemee kuni na mkaa wa majumbani, kwa sababu Mkakati wa Taifa wa Nishati Safi ya Kupikia wa 2024–2034 unalenga asilimia 80 ya Watanzania waachane nao.

Kama fedha ni zako peke yako na unahitaji kula kwazo, weka sehemu kubwa kwenye banda la kukaushia, mashine ya randa na shehena ndogo yenye hati kamili, na shamba lianze na ekari chache unazoweza kuzipalilia mwenyewe.