Kabla ya kuhesabu miezi, tafuta siku inayosubiriwa

Kalenda yangu ya kwanza ya kubuni ilikuwa na miezi kumi ya siku arubaini arubaini, na wiki ya siku nane, kila siku na jina la silabi nne. Niliichora kwa kalamu za rangi, nikaibandika ukutani chumbani kwetu Wete, nikajiona nimemaliza. Halafu nikaandika kurasa sitini za hadithi yenyewe, na kalenda haikufanya kazi yoyote isipokuwa kukaa juu ya kila sura kama kibandiko. Dada yangu, msomaji wangu wa kwanza, alizipita tarehe zote. Nilipomuuliza kisa kinaanza mwezi gani akanijibu, "Kwani kulikuwa na miezi?"

Kwa hivyo wewe unayeanza kujenga dunia yako, na najua ushapiga mistari ya jedwali, weka rula chini. Idadi ya miezi itakuja yenyewe. Jua kwanza watu wa huko wanasubiri nini.

Tizama tunavyohesabu sisi. Ijumaa ndiyo siku. Inayofuata tunaiita ya mosi, kisha ya pili, mpaka Jumatano. Ramadhani ndiyo mwezi. Tukishafungua, unaofuata ni Mfunguo Mosi, na hivyo hivyo hadi Mfunguo Tisa, na Maulidi tunayasoma Mfunguo Sita. Jua likichomoza tunaanza saa upya. Na mwaka wa Nairuzi, ambao mabaharia na wakulima wa zamani waliutegemea, ulihesabiwa kwa miongo ya siku kumi kumi kuanzia Siku ya Mwaka, ile ambayo Makunduchi wanaikoga mpaka leo kila Julai: miongo 36 na siku tano za ziada. Hakuna aliyekaa chini kutunga majina saba mazuri au kumi na mbili. Ilikuwapo siku moja kubwa, watu wakahesabu kutoka hapo.

Hata mshono uache uonekane. Alhamisi kwa asili yake ya Kiarabu ni siku ya tano, kwa sababu Waarabu wanahesabu kutoka Jumapili. Sisi tunahesabu kutoka Jumamosi, basi wiki yetu ina siku mbili za tano zilizofuatana, na hakuna anayeshangaa. Kalenda ya kubuni isiyo na kasoro ya namna hii hunitia shaka. Inaonekana imetoka kiwandani. Wafaransa baada ya mapinduzi yao walijaribu iliyonyooka: miezi 12 ya siku 30, wiki ya siku kumi. Mapumziko yakawa mbali, watu wakaendelea kuihesabu Jumapili yao, na mwanzoni mwa 1806 Napoleon akaifuta.

Nilipoanza upya nikajiuliza watu wa Uzimbwe, visiwa vyangu vya kubuni, wanasubiri nini. Wanasubiri maji. Nikawapa miezi miwili angani, na hapo Kiswahili kikaniponza, maana mwezi wa mbinguni na mwezi wa tarehe ni neno hilo hilo. Ukiweka miwili, ipe majina mapema. Wangu ni Kombe, unaoandama kila siku 20, na Kigae, kila siku 30. Kila baada ya siku 60 huandama pamoja, na bahari hukimbia mpaka miamba ya chini kabisa ikaonekana. Siku hiyo ni Kupwa. Nyingine zote hazina jina: siku ya tatu ya Kupwa, ya arubaini ya Kupwa, basi.

Sasa fanya hesabu, na ifanye kwa mkono. Mwaka wao wa jua nimeufanya siku 365. Kupwa sita ni siku 360. Zimebaki tano, kwa hiyo kila mwaka Kupwa inawahi kwa siku tano, na aliyezaliwa siku ya Kupwa hatatimiza mwaka tena siku ya Kupwa mpaka afikie miaka 12. Sikuipanga hiyo, niliikuta kwenye daftari. Ndipo nikajua mtoto wa Uzimbwe anapewa ngalawa yake akiwa na umri gani. Ukiona hesabu imegoma kugawanyika sawasawa, usiilazimishe. Mabaki ndiyo hadithi.

Vile vile usiwakubalishe watu wote. Sisi tunajua mwezi wa Idi unavyoweza kuandama kwa jirani na kwako bado. Kijiji cha upande wa mlima wenye mawingu kitachelewa siku moja, na harusi iliyopangwa kwa siku hiyo itaharibika vizuri sana.

Jambo la kuchosha lakini la lazima: chukua daftari la skuli, na kila tukio liandikie siku yake na hali ya mwezi. Nilidharau hilo. Katika toleo la zamani, lenye mwezi mmoja, nilimvusha shujaa wangu kwa miguu mpaka kisiwa kidogo usiku wa mwezi saba, yaani siku ya saba tangu uandame. Nikamsomea ami yangu, mvuvi. Akanisimamisha hapo hapo.

"Mwezi saba?"

"Saba, ami."

"Hayo maji mafu. Hayatoki wala hayaingii. Huyo kijana wako kashazama."

Alikuwa na haki. Bamvua, maji yanayojaa sana na kupwa sana, huja mwezi ukiandama na ukiwa mpevu. Katikati yake maji hayaendi mbali. Mwanamke anayelima mwani angeligundua kosa lile kabla hajamaliza sentensi, na wasomaji wetu wengi wamelelewa na wanawake kama hao.

Nikaiandika upya sura ya tatu, shujaa akavuka usiku wa Kupwa, miezi yote miwili imeandama, giza, pwani tupu, kimya. Nikaipenda. Nikarudi kwa ami nikamsomea mpaka mwisho. Alisikiliza bila kunikata, kisha akaniuliza: maji yamepwa hivyo, mara moja kwa siku 60, na hakuna mtu hata mmoja aliyeshuka kuchokoa pweza?

Sasa pwani ile imejaa karabai, na shujaa anavuka akiwaomba radhi kina mama aliowakanyagia vikapu.